Panzi wa Kaburi la Zaina

Panzi hutaga penye udongo laini.

Neno hili mlilisikia juzi, tulipokuwa tunapepeta mbaazi za hitima. Mzee mmoja alilisema mara moja tu, watu wazima wote wakanyamaza, na nyinyi vijana mkacheka. Sikuwalaumu. Halafu Mwantumu akanifuata jikoni, unga mkononi, akaniuliza, "Bibi, panzi na mambo ya watu wapi na wapi?" Nikamwambia akawaite wenzake, kwa sababu habari hii haielezwi mtu akiwa anakanda unga.

Basi kaeni. Chanzo chake ni hiki ninachowaambia, kama nilivyokipokea kwa bibi yangu mzaa mama, naye alikipata kwa watu waliokuwepo.

Kwanza nianze na panzi mwenyewe, maana siku hizi mnapita tu hamumtazami. Simsemi yule wa kijani anayeruka ruka kwenye nyasi. Namsema huyu mzito, mwenye michirizi ya njano na nyeusi, na vipapasio vyenye pete za rangi ya chungwa, utadhani amevaa shanga. Ni mzuri wa kutazama. Mbawa anazo lakini hana haja nazo, anatembea pole pole kama mtu mwenye mali yake. Hana haraka kwa sababu hana adui. Ukimshika anatoa povu linalonuka vibaya, na kuku akimdonoa mara moja hamrudii tena.

Chakula chake ni majani ya mhogo, ya mchungwa, ya mdimu, ya mkahawa. Majani yakiisha anarudi kwenye gome. Anatafuna kijiti pande zote mpaka kinabaki cheupe kama mfupa, na mti uliomenywa gome hivyo haunywi maji tena. Unakauka umesimama.

Lakini jambo la kushangaza ni uzazi wake. Panzi hatagi popote. Masika yakiisha, majike yanatoka mashamba yote ya karibu na ya mbali, kila moja kwa miguu yake, yanakutana mahali pamoja. Nani anawaita, Mungu ndiye ajuaye. Wanachotaka ni kivuli kisichoondoka mwaka mzima, na chini yake udongo unaopenyeka. Jike linazamisha mkia wake ardhini, kina cha kidole, linataga mayai mfano wa punje za mchele na kuyazungushia povu. Povu likikauka linakuwa gumu, mayai yamelala ndani kama yamefungwa kwenye kitambaa. Kisha yeye anakufa. Mayai yanangoja kiangazi chote, na mvua za vuli zikinyesha ndipo wanatoka wadogo weusi, ndio tunutu. Panzi hajawahi kumwona mwanawe, na mwana hajawahi kumwona mamaye.

Sasa, palikuwa na kijiji kikiitwa Kwemdimu, huku huku kwetu Bonde. Watu wa Kwemdimu walikuwa wamemjua panzi huyu vizuri, na walikuwa na desturi yao. Kila mwaka baada ya masika walitazama wamekusanyika wapi. Wakipaona, Mhando aliyekuwa na pembe ya kijiji alipiga pembe, na kijiji kizima kikatoka kwa msaragambo, kazi ya pamoja, kila nyumba na jembe lake. Wanaume walikwangua udongo wa juu kina cha kiganja, wanawake wakavunja mabonge na kuyaanika juani. Jua la kiangazi likayakausha yale mayai, ikawa basi. Walichojua ni kwamba panzi anapigwa akiwa hana miguu.

Na ilikuwa kanuni yao kwamba yule ambaye panzi wamechagua uwanja wake, yeye ndiye anawapikia uji watu wa msaragambo. Kwa hiyo masika yakiisha utawasikia watu wakitaniana njiani, "Mwaka huu uji wa nani?" Na mtu mchoyo akiulizwa anajibu haraka, "Si wangu! Kwangu jua tupu!" Watu wanacheka.

Katika kijiji hicho aliishi mwanamke jina lake Mwanaheri, na mumewe Shekalaghe. Walikaa miaka mingi katika ndoa bila mtoto, mpaka watu wakaacha kuwauliza. Kisha Mungu akawapa binti, wakamwita Zaina. Alikuwa mtoto mwembamba, mwenye maneno mengi, aliyekuwa ameanza kung'oka meno ya utoto na kuyaonyesha mapengo yake kwa kila mpita njia. Masika moja alishikwa na homa. Hakukaa nayo sana. Alfajiri moja mama yake alimwinua ampe maji, akakuta hana haja ya maji.

Makaburi ya Kwemdimu yalikuwa kilimani, kwenye ardhi ya changarawe ambako jembe hulia likigonga. Wanaume walipokuwa wanajiandaa kwenda kuchimba, Mwanaheri alitoka ndani akasema, "Msimpeleke kule. Mwekeni chini ya mchungwa, hapa nyuma ya nyumba, nimsikie."

Maalim Shehoza, aliyewafundisha watoto chuoni, alimwambia kwa upole, "Mama Zaina, wafu wetu tunawalaza pamoja."

"Yeye hajazoea kulala na watu wengi," akajibu.

Wazee wakatazamana. Shekalaghe akasema, "Jamani, muachieni. Mtoto alikuwa wake." Hakuna aliyekuwa na moyo wa kubishana na mama siku ile. Zaina akazikwa chini ya mchungwa.

Mwanaheri akawa anashinda pale. Aliokota kila kijiwe kilichokuwa kwenye tuta la kaburi, akasema mtoto asilalie mawe. Mabonge aliyavunja kwa vidole mpaka udongo ukawa kama unga uliochekechwa. Akapanda rehani pembeni, na kila alasiri akalimwagilia tuta maji kidogo ili lisipasuke. Mvua ilipokoma na ardhi ya kijiji kizima ikaanza kukauka na kushupaa, pale chini ya mchungwa palibaki laini, pana kivuli, pana ubaridi.

Ndipo panzi wakaja.

Walianza wachache. Mwanaheri alikuwa ameketi kwenye jamvi lake anachambua kisamvu, akawaona wanapanda tuta mmoja mmoja, na zile rangi zao, wanatembea kwa adabu. Hakuwafukuza. Kesho yake wakazidi. Baada ya siku kadhaa tuta lilikuwa limefunikwa, utadhani mtu amelitandikia kanga. Harufu yao ilijaa uani, yeye hakuisikia.

Mumewe alirudi kutoka shambani akasimama, jembe begani. "Mama Zaina, hawa panzi?"

"Wamekuja kwa mwanangu."

"Wanataga hao."

"Waache, baba Zaina. Nao ni mama."

Shekalaghe akaenda kunawa miguu. Alijua alichokiona. Alijua pia kwamba tangu msiba ile ilikuwa mara ya kwanza mkewe kumjibu maneno zaidi ya mawili.

Huko kijijini watu walikuwa wanawatafuta panzi hawawaoni. Walikwenda kwenye mkwaju wa mtoni walikotaga mwaka uliopita, hakuna. Wakatazama chini ya mifenesi ya Mhando, hakuna. Utani ukaanza. "Mwaka huu uji wa nani?" "Labda wamehamia kwa Wasambaa!" "Aa, mchoyo mmoja amewaficha chini ya kitanda asipike uji!"

Shekalaghe alikuwa na dada yake, Chausiku, mwanamke wa maneno ya wazi, na wakati ule alikuwa na mimba changa. Siku moja alimletea wifi yake ndizi mbichi, akapita moja kwa moja mpaka nyuma ya nyumba. Akazibwaga ndizi chini.

"Yallah! Wifi, ndio wako hapa? Kijiji kizima kinawatafuta, wewe umewakalia?"

"Sema taratibu."

"Taratibu nini? Hawa wakitoka tutakula nini?"

Mwanaheri akamshika mkono. "Wifi, nakuomba. Wakijua watakuja na majembe. Wewe una mtoto tumboni, Inshallah utamlea. Mimi nimebakiwa na udongo huu tu. Usiwaambie."

Chausiku alilia pale pale, wakalia wote wawili. Lakini alipotoka alikwenda kwa Mhando akamwambia, kwa kuwa alikuwa mtu wa kweli, na kwa kuwa aliogopa.

Pembe haikupigwa. Mhando aliona haya kuipiga. Walikuja watu wachache tu, yeye na Maalim Shehoza na wanaume wengine wawili watatu, na majembe yao waliyaegemeza nje ya ua kabla ya kubisha hodi. Mwanaheri aliyasikia majembe yakigongana. Walipozunguka nyuma walimkuta amekwisha kulala juu ya tuta, kifudifudi, mikono ameitandaza.

"Mama Zaina," Mhando akasema, "hatukuja kwa ubaya."

"Mbona mmeacha majembe nje, kama si ubaya?"

Maalim akachutama karibu naye. "Mwanangu, sijasoma popote habari ya panzi na kaburi, sitakudanganya. Ninachojua ni kwamba tutaondoa kiganja kimoja cha udongo wa juu. Yeye yuko chini sana, na Mwenyezi Mungu amemhifadhi. Hatutamgusa."

"Maalim, jembe likishaingia mara moja, nani atanihakikishia litasimama wapi?"

"Nitalishika mimi mwenyewe."

"Wewe una watoto sita. Nenda kalishike kwenye kaburi la mmoja wao."

Kijana mmoja wa pale, Semboja, aliyetaka kusaidia, akasema, "Basi tusichimbe. Tuchemshe maji tumwage, mayai yatakufa humo humo."

Mwanaheri aliinua uso, una udongo hadi kwenye kope. "Mtampikia mwanangu?"

Wallahi, bibi yangu alisema kwamba Semboja alitoka pale akatapika nje ya ua.

Mwanamume mmoja akanong'ona, "Mumewe amwondoe, tufanye kazi kidogo tu." Mhando akamgeukia. "Mwondoe wewe. Mikono yangu haifiki pale." Wakamtazama Shekalaghe, aliyekuwa amesimama mlangoni. Akawaambia, "Jamani, nisameheni," akaingia ndani.

Basi wakaondoka. Kila mtu alichukua jembe lake kimya kimya, kwa kulinyanyua, lisigonge. Njiani wakajifariji. Mmoja akasema vuli labda itakuwa kubwa, itayaozesha mayai. Mwingine akasema panzi wenyewe ni wa uwanja mmoja tu, wataleta madhara gani. Maalim akasema tumpe muda, atayaondoa kwa mkono wake mwenyewe. Walisema hayo yote, na kila mmoja wao alikuwa anajua desturi ya kijiji na sababu yake. Lakini nani alitaka kuwa mtu aliyemvuta mama juu ya kaburi la mwanawe?

Kiangazi kikapita kwa utulivu. Panzi wakubwa wakafa, upepo ukapeperusha mbawa zao. Mwanaheri akaendelea kumwagilia.

Vuli ikanyesha. Siku chache baada ya mvua ya kwanza, asubuhi, jua limetoka, Mwanaheri alikuwa anafagia uwanja. Akaona udongo wa tuta unatikisika. Alisogea, akainama. Udongo ulikuwa unafunguka matundu madogo madogo, na kutoka kila tundu vinatoka vidudu vyeupe vinavyojinyonga, vinajivua ngozi, vinageuka vyeusi hapo hapo machoni pake. Walitoka kwenye kaburi kama maji yanavyochemka. Mwanzo alipiga kelele moja tu. Kisha akaanza kuwaponda kwa viganja, akawapiga kwa ufagio, akawafunika kwa kanga yake na kuikanyaga. Shekalaghe alitoka akamsaidia. Lakini ukiponda hapa wanachipuka pale, na jioni rehani yote ilikuwa imebaki vijiti.

Wakaupanda mchungwa. Tunutu wana tabia ya kukaa pamoja. Jioni wanaganda kwenye kijiti kimoja wamebanana, weusi tii, mpaka kijiti kinapinda. Wakala majani machanga, kisha yaliyokomaa. Wakatoka kwenda kwenye mihogo ya nyuma ya nyumba, na kutoka hapo kwenye mihogo ya Mhando, na kila walipojivua ngozi walikuwa wamezidi ukubwa na wamezidi njaa.

Watu walipambana. Alfajiri, wakati wa baridi tunutu wakiwa hawawezi kuruka, waliwakung'utia kwenye majamvi na kuwachoma moto. Moshi wake ulinuka kijiji kizima. Lakini ile haikuwa kazi waliyoizoea. Kila mwaka walikuwa wamewapiga wakiwa mayai. Wakiwa na miguu walikuwa wengi kuliko mikono ya watu.

Mihogo ikabaki fito. Panzi wakatafuna na gome la fito, hata vijiti vya kupanda tena havikupatikana. Mibaazi ikaisha ikiwa kwenye maua. Michungwa na midimu, ambayo ndiyo iliyokipa kijiji jina, ilisimama uchi, matawi meupe, ukipita chini unaona mbingu yote. Njaa ikaingia. Baadhi ya nyumba zikafunga milango, watu wakapanda milimani kwa ndugu zao.

Na nataka mlielewe hili. Hakuna aliyemtukana Mwanaheri, wala hapakuwa na aliyemnyooshea kidole. Walimsalimu, "Hujambo, mama Zaina," wakapita. Siku moja alikuta mlangoni kwake kikapu kidogo cha viazi vikuu, akajua ni cha Mhando, ambaye mihogo yake ndiyo ilikuwa ya kwanza kuliwa. Bibi yangu alikuwa akifika hapa anasema kwamba angetukanwa, pengine angepata nafuu.

Chausiku alijifungua katikati ya njaa ile. Mtoto wa kiume. Alizaliwa mzima, lakini maziwa ya mama yalitoka wiki za mwanzo tu, yakakata. Wakampa maji ya ndizi, wakampa walichopata. Mtoto alilia, kisha akawa analia kidogo, kisha akanyamaza, na mwisho wa masika wakamzika kule kilimani.

Wanawake walikaa tanga ndani kwa Chausiku. Mwanaheri alikuja. Alipoingia watu walisogea wakampa nafasi kwenye mkeka. Akaketi karibu na wifi yake, akataka kumshika mkono, akaogopa.

Chausiku ndiye aliyeanza. Hakuwa na hasira, alikuwa amechoka. "Wifi."

"Abee, wifi."

"Wewe wa kwako ulimzika kivulini." Akapumua. "Mimi wa kwangu wamemzika juani. Nimeuliza kama kule kuna miti, wakaniambia ipo lakini haina majani."

Mwanaheri aliinamisha kichwa mpaka kikagusa mkeka. Hakusema pole. Pole gani?

Alirudi nyumbani alasiri. Mchungwa ulikuwa umekufa, lakini matawi yake yalikuwa mengi, na Shekalaghe alikuwa ameyatandazia makuti juu ili mkewe apate pa kukaa. Kivuli kilikuwepo, na chini yake udongo ulikuwa laini kama alivyokuwa ameuzoesha. Alipofika aliwakuta wamekwisha kuja. Tuta lote lilikuwa na rangi za njano na nyeusi na za chungwa. Wanatembea pole pole, wana mikia ardhini.

Alisimama akawatazama mpaka jua likaingia. Kesho yake asubuhi alikwenda kwa Mhando, hakubisha hodi kwa sauti, alisimama tu uani mpaka Mhando akatoka.

"Piga pembe," akamwambia.

"Ya nini, mama Zaina?"

"Mwaka huu uji ni wangu."

Mhando alimtazama. Alikuwa mzee aliyezika wake wawili na wajukuu, hakuwa mwepesi wa machozi. Akaingia ndani kuichukua pembe, na alikaa humo muda mrefu kuliko inavyohitajika kuchukua pembe.

Watu waliosikia hawakuamini, kwa maana ulikuwa mwaka ambao hakuna aliyekuwa na unga. Walikuja hivyo hivyo, waliokuwa wamebaki, na majembe. Mwanaheri alikuwa amepika mbaazi alizokuwa amezificha za mbegu, amezichemsha na maji mengi. Kila mtu akanywa kata moja. Kisha wakazunguka nyuma ya nyumba wakasimama, na hapakuwa na mwanamume aliyeinua jembe. Hata Maalim aliyeahidi kulishika mwenyewe, alisimama nalo tu.

Mwanaheri akalichukua jembe mikononi mwa mumewe. Akasema bismillahi, akalipiga tuta.

Ndipo wengine wakaanza. Walikwangua kwa adabu, kiganja kimoja, hawakuzidisha. Mafungu ya povu yalitoka kama vidole, manene, wakiyavunja ndani wanakuta mayai ya njano yamepangana. Wakayaanika kwenye jua kali. Kazi haikuchukua muda mrefu. Wanaume walipotaka kuurudisha udongo juu ya kaburi, Mwanaheri akawazuia.

"Mkiurudisha hivi, mwakani watarudi."

"Sasa tufanyeje?" Semboja akauliza.

Hakumjibu yeye. Aliwageukia wanawake. "Nileteeni udongo wa kichuguu na maji. Na vibao vya kupigia sakafu."

Wanawake walielewa kabla hajamaliza. Mnajua jinsi tunavyopiga sakafu ya nyumba ya udongo: unachanganya udongo wa kichuguu, unautandaza, mnapiga magoti mstari mmoja, mnapiga kwa vibao mpaka unashikana na kuwa kama jiwe. Ni kazi ya nyimbo. Bibi harusi anapigiwa sakafu kwa nyimbo, na nyingine hazifai kusikiwa na watoto. Siku ile hapakuwa na wimbo. Walipiga magoti kulizunguka kaburi la Zaina, Mwanaheri katikati, Chausiku akaja akapiga magoti ubavuni pake. Kibao cha kwanza Mwanaheri alikishusha taratibu, kama mtu anayembembeleza mtoto alale.

"Kaza, wifi," Chausiku akamwambia. "Hivyo haushiki."

Akakaza. Akapiga kwa nguvu, juu ya mwanawe, juu ya pale alipokuwa ameokota mawe kwa vidole, na machozi yake yalipodondoka kwenye ule udongo aliyapiga yakaingia humo humo. Wanaume waliondoka uani, hawakuweza kutazama. Walipomaliza, kaburi lilikuwa gumu na lenye kuteleza kama sakafu ya nyumba mpya. Panzi waliochelewa walifika juu yake, wakajaribu mikia yao hapa na pale, wakaenda zao.

Maalim Shehoza alirudi jioni kuwaombea dua. Alipomaliza akasema kama mtu anayejiuliza, "Kama tungefanya hivi mwaka jana."

Mwanaheri alikuwa anaosha kibao. Akasema, "Panzi hutaga penye udongo laini, Maalim. Udongo wangu ulikuwa laini. Na mioyo yenu pia ilikuwa laini mliponiona nimelala pale. Tulimpa mahali pa kutaga sisi sote."

Hakulisema kwa kuwalaumu. Lakini neno lile lilitoka uani pale likatembea mpaka likatufikia sisi.

Kwemdimu ilipanda tena. Vijiti vya mihogo vilitoka milimani, midimu mipya ikachukua miaka. Mchungwa ule ulikatwa ukawa kuni. Mwanaheri hakupata mtoto mwingine, Mungu hakuandika. Aliishi na kaburi lile uani likiwa jeupe juani, halina ua, halina hata unyasi. Kila masika yakiisha alilikagua, na akiona limepasuka popote, hata ufa mwembamba kama uzi, anachota maji, anakanda udongo wa kichuguu, anapiga magoti. Watu wakipita njiani walisikia kibao kinapiga, kimoja kimoja, mwanamke mzee peke yake nyuma ya nyumba. Walipunguza mwendo. Mwenye mtoto mkononi alimbana kidogo kifuani, na wakubwa wakaambiana kwa sauti ya chini, wala hakuna aliyecheka:

"Panzi hutaga penye udongo laini."